Mzungu alikuwa abiria tu: misafara ya bara kabla ya Mjerumani

Ukimwambia mtu yeyote achore picha ya wapelelezi wa karne ya 19 atakuchorea mzungu yuko mbele na kofia yake, nyuma mstari mrefu wa watu wana mizigo kichwani, kama vile njia kaianzisha yeye. Mimi kazi yangu ni kusoma shajara za hiyo misafara, na ukizisoma kwa kuangalia nani analipa na nani anaamua leo tunatembea au tunalala, unakuta mzungu alikuwa abiria tu, tena abiria anayetoa nauli kila kituo.

Njia yenyewe ilishakuwepo. Wanyamwezi walikuwa wanashusha pembe za ndovu mpaka pwani kwa miguu yao tangu mapema kwenye miaka ya 1800, Waarabu na Waswahili nao wakapanda juu, wakaweka makao Kazeh, ambayo ndo Tabora ya leo, na Ujiji kule ziwani. Burton na Speke, wapelelezi wa Kiingereza, waliondoka pwani Juni 1857, wakafika Kazeh Novemba, Ujiji Februari 1858, na kote huko walipita vituo ambavyo mapagazi walikuwa wanavijua kama kiganja cha mkono. Habari za ziwa kubwa la kaskazini walipewa hapo hapo Kazeh na mfanyabiashara aliyewapokea, Snay bin Amir. Speke akaenda, akaliona Agosti 1858, akalipa jina la malkia wake. Sasa hapo ugunduzi uko wapi wakati mwenyeji wako ndo kakuambia liko upande gani?

Turudi kwenye mizigo, maana mambo yote yako kwenye mizigo. Noti hakuna, sarafu zikiondoka pwani hazina kazi, kwa hiyo pesa yako unaibeba kwenye mabega ya watu. Kuna merikani, kitambaa cheupe kilichotoka Marekani, kuna kaniki kutoka India, kuna masango, yaani nyaya za shaba, na kuna shanga. Shanga ndo zilikuwa zinaleta kesi, kwa sababu kila nchi ilikuwa na fasheni yake, huku wanataka samsam nyekundu, kule hawazitaki hata bure, ukikosea kununua pale Unguja unafika katikati ya bara una magunia ya shanga ambazo hazikupatii hata kuku. Pagazi mmoja alikuwa anabeba kilo 30 na zaidi hivi, hapo bado mkeka wake, chungu cha kupikia na silaha yake kama anayo. Wanawake nao walikuwemo, wengine wake za mapagazi, wanapika na wanabeba, ila kwenye shajara wanatajwa kwa kupita tu.

Anayetangulia ni kirangozi, kajipamba manyoya, kabeba bendera nyekundu ya Sultani wa Zanzibar. Akisimama yeye, wote wamesimama. Na mapagazi walikuwa na silaha moja kali, kutoroka. Posho ikipungua, au mkubwa wa msafara akizidisha viboko, asubuhi unaamka watu kadhaa hawapo na wakati mwingine mizigo haipo vilevile. Kwenye shajara za wazungu hilo linaandikwa uvivu na wizi. Mimi nalisoma kama mgomo.

Halafu unaingia Ugogo, Dodoma ya leo. Nchi kavu, maji ni ya visima, na visima vina wenyewe. Hapo ndo hongo, yaani ushuru wa kupita, inapodaiwa, kila mtemi na yake, mnakaa siku nzima au siku kadhaa mnabishana doti ngapi za kitambaa, mnatoa, mnaambiwa hazitoshi, mnaongeza. Stanley, mwandishi wa gazeti la Marekani, mwaka 1871 alipita hapo kavimba kwa hasira anatamani hata kupigana, wafanyabiashara Waarabu aliokuwa anaandamana nao wakamshauri alipe tu, akalipa. Wagogo mara nyingi wanaandikwa kama wanyang'anyi kwenye vitabu vya wakati ule, lakini fikiria watu mia kadhaa wanaingia kwako msimu wa kiangazi, wanakunywa maji yako na kununua chakula chako, wewe utawaacha hivi hivi?

Mtu ambaye mimi simalizi kumshangaa ni Sidi Mubarak Bombay. Myao, kakamatwa mdogo, kauzwa, kapelekwa India, huko bwana wake akafa akawa huru, akarudi zake Afrika Mashariki akawa askari wa Sultani. Burton na Speke wakamkuta huko, wakamchukua. Speke Kiswahili hakijui ila alishakuwa mwanajeshi India, kwa hiyo yeye na Bombay wakawa wanaongea Kihindustani! Hebu waza, afisa wa Kiingereza kwenye nchi ya Wanyamwezi, anauliza habari za ziwa kwa lugha aliyojifunza India, na anayemjibu alijifunza lugha hiyo hiyo akiwa mtumwa. Bombay baadaye akaenda tena na Speke na Grant, akawa nahodha wa askari wa Stanley kumtafuta Livingstone, mmisionari wa Kiskoti, kisha akavuka bara zima na Mwingereza Cameron mpaka pwani ya Atlantiki mwaka 1875. Chama cha jiografia cha London kikampa medali ya fedha na pensheni. Ukiweka hizo safari pamoja, kaliona bara hili kuliko wengi wa mabwana zake, na jina lake shuleni hatulisikii.

Chuma na Susi, watumishi wa Livingstone, wanajulikana kidogo zaidi. Livingstone alikufa mwanzoni mwa Mei 1873 kwa Chitambo, Zambia ya leo. Wao na wenzao wakauzika moyo wake chini ya mti, maiti wakaitia chumvi wakaianika juani kama wiki mbili, wakaibeba. Walipofika Unyanyembe, hapo Tabora, wakakutana na Cameron, akawashauri wazike hapo hapo, wakakataa katakata. Mbele njia ilikuwa na shida, watu hawataki maiti ipite kwao, basi wakafanya kama wanairudisha kwenda kuzikwa, kumbe wameifungasha upya ionekane robota la kitambaa, wakapita nalo. Februari 1874 wakafika Bagamoyo. Huo uamuzi wote hakuna mzungu aliyewapa.

Nisije nikaonekana naipamba hii biashara. Watumwa walitembea njia hizo hizo, na Julai 1871 pale Nyangwe, kule Manyema, Kongo ya leo, watu wa misafara walimiminia risasi soko lililojaa wanawake, Livingstone akiwa anaangalia. Mirambo, mtemi wa Urambo, naye aliposema misafara ilipe kwake, Waarabu wa Tabora wakaenda vitani, Stanley akajiunga nao Agosti 1871 wakachapwa vizuri. Miaka mitano baadaye Stanley huyo huyo akachanjiana naye udugu wa damu, kwa sababu bila Mirambo hupiti.

Kilichokuja kubadilisha mchezo sio ramani, ni bunduki, na askari wenyewe hawakutoka Ujerumani. Wissmann, afisa wa Kijerumani, mwaka 1889 alipoletwa kuzima vita vya Abushiri, aliyewapinga Wajerumani huku pwani, aliajiri Wasudani kutoka Misri na Washangaan kutoka Msumbiji, akawaweka chini ya maafisa wake. Bado haikuwa mteremko, Wahehe wa Mkwawa walikifumua kikosi cha Mjerumani Zelewski pale Lugalo Agosti 1891, Zelewski mwenyewe akafa, na Mkwawa hakukamatika mpaka alipojiua 1898.

Mwaka huo wa 1898 ndo kodi ya nyumba ilianza kukusanywa, rupia 3 kwa nyumba kule vijijini, yaani mgeni aliyekuwa anatoa doti ili apite sasa ndo anadai, na mwenye kisima ndo analipa. Asiye na rupia anaenda kufanya kazi, na kazi nyingine ilikuwa ile ile ya kubeba mizigo, ila hapa ukitoroka unafuatwa na askari. Reli ikafika Tabora 1912, Kigoma 1914, na mwaka huo huo vita ya Wajerumani na Waingereza ikaanza, watu wakarudishwa kubeba mizigo kwa mamia ya maelfu, safari hii bila kirangozi wa kumwambia mkubwa leo hatutembei.