Eddington, mtaalamu wa nyota aliyewaandikia watu wa kawaida

Kila mwaka, wanafunzi wapya wa fizikia ya nyota huniuliza: "Mwalimu, ukikaa kuandika makala za magazetini, utafiti unaufanya saa ngapi?" Ndani ya swali hilo mna dhana kwamba kuwaandikia watu wa kawaida ni kazi ya mtu aliyeshamaliza kazi yenyewe, au aliyeshindwa nayo. Nilipoanza nilikuwa na dhana hiyo hiyo. Aliyenitoa huko ni Arthur Eddington, na leo nataka nieleze kwa nini.

Kwanza neno moja kuhusu kazi yetu. Kiswahili kinatupa neno unajimu kwa mambo mawili: kupima mwendo wa sayari na kutabiri bahati ya mtu. Ndiyo maana nikijitambulisha kwenye daladala, jirani yangu hunyoosha kiganja. Mimi husema nafanya fizikia ya nyota: nataka kujua nyota ina uzito gani, ndani yake kuna joto kiasi gani, inakula nini na itakufa vipi. Eddington ni mmoja wa waliofanya maswali hayo yawe na hesabu.

Alizaliwa Kendal, Uingereza, mwaka 1882, katika familia ya dhehebu la Marafiki (Quaker), lile lile ambalo wasomaji wangu wa Vihiga na Kakamega wanalijua kupitia Kaimosi. Baba yake alifariki yeye hajatimiza miaka miwili. Mwaka 1904, akiwa mwaka wa pili Cambridge, aliongoza mtihani mkuu wa hisabati, jambo ambalo hakuna mwanafunzi wa mwaka wa pili aliyewahi kulifanya. Mwaka 1913 akawa profesa, na mwaka uliofuata akapewa uongozi wa kituo cha kutazamia nyota cha chuo hicho.

Kisha vita ikaja. Karatasi za Einstein za Berlin, zenye nadharia yake mpya ya mvutano, zilimfikia mwaka 1916 kwa kupitia Uholanzi, nchi isiyopigana, kwa mkono wa mtaalamu wa nyota Willem de Sitter. Wakati huo Waingereza wengi hawakutaka hata kusikia jina la Mjerumani. Eddington alizisoma, akazielewa, akaanza kuwaeleza wenzake. Yeye mwenyewe alikataa kubeba bunduki kwa sababu ya imani yake, na mwaka 1918 akasamehewa kwenda vitani kwa sharti kwamba aendelee na matayarisho ya safari ya kupima kupatwa kwa jua.

Safari hiyo ilimleta Afrika, kwenye kisiwa cha Príncipe katika Ghuba ya Guinea. Jua likipatwa, nyota zilizo karibu na ukingo wake huonekana, na hapo ndipo unaweza kupima kama nuru yao imepinda. Hesabu iliyokuwa inapimwa ni ndogo mno. Chukua digrii moja, igawe vipande 3,600. Einstein alisema nuru ya nyota ikipita ukingoni mwa jua itapinda kwa vipande 1.75, ukifuata mvutano wa Newton, nusu yake tu. Kipimo hicho cha Einstein ni sawa na upana wa sarafu ya shilingi ukiitazama ikiwa mbali nawe karibu kilomita tatu. Asubuhi ya tarehe 29 Mei 1919 mvua kubwa ilinyesha, na jua lilipopatwa mawingu yalikuwa bado hayajaondoka. Eddington alipiga picha 16, na ni mbili tu zilizofaa kupimwa vizuri. Kikosi cha pili, kilichokuwa Sobral nchini Brazili, kilipata picha bora zaidi. Tarehe 6 Novemba matokeo yakatangazwa London: nuru imepinda alivyosema Einstein.

Wengi huishia hapo, na mimi naona hapo ndipo kazi yake nyingine inapoanza. Dunia nzima ilitaka kuelezwa kilichotokea, na watu walioweza kueleza walikuwa wachache sana. Mwezi Desemba mwaka ule ule alitoa mhadhara katika ukumbi wa Trinity, Cambridge. Miongoni mwa waliokuja alikuwamo msichana wa miaka 19, mwanafunzi wa elimu ya mimea, aliyepata tiketi kwa sababu rafiki yake alishindwa kwenda. Jina lake Cecilia Payne. Alirudi chumbani akaandika mhadhara wote kutoka kichwani, akalala macho wazi, na mimea ikaishia hapo. Akahamia fizikia. Mkumbukeni huyu, nitamrudia.

Agosti 1920, huko Cardiff, Eddington alisimama mbele ya mkutano wa wanasayansi kuzungumzia ndani ya nyota. Hakuna aliyejua jua linapata wapi moto wake. Jibu la zamani lilisema jua linasinyaa na kusinyaa huko ndiko kunakotoa joto, lakini kwa hesabu hiyo jua lingekuwa na umri wa makumi ya mamilioni ya miaka tu, na miamba ya dunia ni mizee kuliko hapo. Mwaka ule ule mwanasayansi Francis Aston alikuwa amepima atomi akakuta jambo la ajabu: atomi moja ya heliamu ni nyepesi kuliko atomi nne za hidrojeni zinazoweza kuiunda. Ni kama upime matita manne ya kuni moja moja, kisha uyafunge pamoja uyaweke tena kwenye mizani ile ile, ukute mzigo umepungua.

Uzito uliopungua umekwenda wapi? Eddington akasema: umegeuka nuru. Kilo moja ya hidrojeni ikigeuka yote kuwa heliamu huacha gramu 993 hivi. Zile gramu saba zinazokosekana, ukizitia kwenye kanuni ya Einstein inayogeuza uzito kuwa nishati, zinatoa nishati ya magunia ya mkaa zaidi ya laki nne, gunia la kilo 50. Alikadiria kwamba hata kama hidrojeni ni asilimia 5 tu ya nyota, ingetosha. Wanafizikia wakampinga: ndani ya nyota hakuna joto la kutosha kuunganisha viini vya atomi hizo. Akawajibu waende wakatafute mahali penye joto zaidi. Fizikia ya kumtetea ilikuja miaka minane au tisa baadaye.

Sasa Cecilia Payne. Mwaka 1925, akiwa Harvard, Marekani, alichambua nuru ya nyota akakuta kwamba hidrojeni si asilimia 5, ndiyo karibu kila kitu. Wakubwa walimshauri apunguze makali, akaandika kwamba tarakimu hiyo yaelekea si ya kweli. Mwaka 1929 ikathibitika kuwa ya kweli. Kwa hiyo mtu aliyegundua wingi wa kuni ambazo Eddington alikuwa anazitafuta alikuwa msikilizaji wake wa ukumbini. Wanafunzi wanaponiuliza mhadhara wa watu wa kawaida unaisaidia nini sayansi, huwapa kisa hiki.

Vitabu vyake kwa umma vilifuata katika miaka ya 1920, kimoja kikitokana na mihadhara ya Edinburgh ya mwaka 1927. Humo ndimo lilimotoka neno "mshale wa wakati" tunalotumia hadi leo kueleza kwa nini kikombe kilichovunjika hakijiungi. Humo pia mna mfano wa tembo anayeteleza kwenye mteremko wa nyasi. Mwanafunzi akipewa swali hilo, kinachobaki mkononi mwake ni namba: tani mbili badala ya tembo, digrii 60 badala ya mteremko. Tembo mwenyewe ameshatoka, nyasi zimetoka. Eddington alitaka msomaji aone kwamba fizikia inashika usomaji wa vipimo, na mengine inayaacha nje. Hiyo ni falsafa nzito, na imeingia kichwani mwa msomaji ikiwa juu ya mgongo wa tembo. Ninapoandika kwa Kiswahili najiuliza kila mara: tembo wangu yuko wapi?

Lakini kalamu hiyo ilimpa pia mamlaka, na siwezi kulipita hili. Mwaka 1930 kijana kutoka India, Subrahmanyan Chandrasekhar, alipiga hesabu melini akielekea Uingereza. Hesabu hiyo, alipokwisha kuikamilisha, ilionyesha kwamba nyota kibete nyeupe, yaani mabaki madogo mazito ya nyota iliyokwisha kuni zake, haiwezi kuzidi takriban mara 1.4 ya uzito wa jua. Ikizidi, hakuna kinachoizuia kuporomoka. Januari 1935 aliiwasilisha London. Eddington alisimama mara baada yake, akaeleza nini kingefuata: nyota ingezidi kusinyaa mpaka ifikie kilomita chache, mvutano uwe mkali kiasi cha kuizuia hata nuru isitoke. Ameeleza shimo jeusi kwa ufasaha ambao wachache waliufikia wakati ule. Kisha akasema hilo haliwezekani, lazima pawe na kanuni ya maumbile inayolizuia. Ukumbi ukacheka. Chandrasekhar alikuwa na miaka 24.

Nimelisoma tukio hilo mara nyingi, na linaniuma kila mara. Nyota kibete ndizo ninazozifanyia kazi. Kikomo kile kimo katika kila jedwali langu. Naamini watu walicheka kwa sababu aliyesema alikuwa msemaji mzuri kuliko wote, na ufasaha ukazibeba hoja ambazo hesabu haikuzibeba. Tangu nilielewe hilo, sentensi inayonipendeza mno naipima mara mbili kabla ya kuichapisha.

Chandrasekhar alihamia Marekani akaendelea na kazi. Hakuvunja urafiki. Eddington alifariki mwaka 1944, na mwaka 1982, ilipotimia miaka mia tangu azaliwe, aliyealikwa Cambridge kutoa mihadhara ya kumkumbuka alikuwa Chandrasekhar. Alimwita mwanafizikia wa nyota aliyetukuka kuliko wote wa zama zake. Mihadhara hiyo ilichapwa mwaka 1983, mwaka ule ule yeye mwenyewe alipopewa Tuzo ya Nobeli.