Je, wajua? Kwa nini Nikola Karabatic alicheza mpira wa mikono mpaka miaka 40

Wengi wetu mpira wa mikono tunaujua wa shule, waliopita UMISSETA wanakumbuka, uwanja wa vumbi, magoli ya mbao, kipa anakula mipira ya tumbo mchana kutwa. Sasa kuna jamaa wa Ufaransa, Nikola Karabatic, mchezo huohuo kaucheza kama kazi ya kulipwa zaidi ya miaka 20, kaenda Olimpiki 6 kuanzia Athens 2004 mpaka Paris 2024, na siku anatundika viatu alikuwa na miaka 40. Mwili ulihimili vipi?

Ukitaka kuelewa ugumu wake angalia ule mstari wa mita 6 mbele ya goli. Ndani ya hapo hakanyagi mtu isipokuwa kipa, kwahiyo mabeki wanajipanga nje yake kama ukuta, na wewe mshambuliaji una hatua 3 tu na mpira mkononi, basi unakimbia, unaruka juu yao, unarusha ukiwa hewani, na hapohapo hewani unapigwa kifua, alafu unatua kwa mguu mmoja. Fanya hivo mara nyingi kila mechi, dakika 60, miaka nenda rudi. Magoti na mabega ndo yanaisha kwanza.

Kuna kitu kimoja sheria zinasaidia, wachezaji wanabadilishana muda wowote bila kumuomba refa, unatoka unapumua unarudi, hata mara 20. Lakini hiyo ni ya wote, na wengi bado wanaishia miaka 33 au 35.

Mimi naona jibu kubwa ni kwamba Karabatic alikubali kubadilisha kazi uwanjani. Alizaliwa 1984 mjini Niš, Yugoslavia ya wakati ule, baba yake Branko alikuwa kipa wa mchezo huu na ndiye aliyeihamishia familia Ufaransa Nikola akiwa bado mdogo sana. Klabu ya Montpellier wakamlea, 2003 akiwa na miaka 19 akabeba nao Ligi ya Mabingwa, 2005 akaenda Kiel ya Ujerumani, ligi ngumu kuliko zote, na misimu yote 4 aliyokaa pale wakachukua ubingwa wa ligi. Enzi hizo alikuwa mrushaji hasa, kushoto nyuma, urefu mita 1.96, anapaa juu ya ukuta na kufyatua. Ni kazi ya kijana hiyo.

Alafu taratibu akahamia katikati, kwenye kupanga mashambulizi. Alipotua PSG 2015 yule Mdenishi Mikkel Hansen ndo alikuwa akirusha kutoka kushoto, Karabatic yeye anasoma ukuta, anamvuta beki, anampa pivoti, yule mshambuliaji anayesimama katikati ya mabeki, mpira kwenye upenyo, na mpira ukipotea anarudi kuwa nguzo ya ulinzi. Hapo akili inabeba mzigo ambao zamani ulibebwa na magoti. Nyota wengi hawataki kabisa kitu hiki, wanang'ang'ania kufunga kama zamani mpaka mwili unagoma.

Na hakupita njia laini, tuseme ukweli wote. Baada ya Kiel alirudi Montpellier, na 2012 klabu hiyo ilikumbwa na kesi ya kubetia mechi yao wenyewe dhidi ya timu ya Cesson, mechi ambayo yeye hakucheza sababu alikuwa majeruhi, lakini mahakama ilimtia hatiani akapigwa faini ya euro 10,000. Ni doa, na linabaki kwenye historia yake. Akaondoka klabu iliyomlea, akapita klabu ya Aix, kisha Barcelona ambako 2015 alibeba tena Ligi ya Mabingwa, ya tatu kwake na klabu 3 tofauti, baada ya Montpellier na Kiel.

Oktoba 2020 goti la kulia likachanika ile kano kubwa ya ndani, ana miaka 36. Umri huo wengi wangeaga. Yeye akapambana na mazoezi ya kurudisha goti, na kiangazi cha 2021 alikuwa Tokyo akivaa dhahabu yake ya tatu ya Olimpiki baada ya 2008 na 2012. Januari 2024 akaongeza ubingwa wa Ulaya, wa nne, fainali Cologne dhidi ya Denmark, 33-31 baada ya muda wa nyongeza.

Mwisho wenyewe ulikuwa mchungu lakini. 7 Agosti 2024, robo fainali ya Olimpiki pale Lille, nyumbani kabisa, Ufaransa wanaongoza goli 1 zimebaki sekunde chache na mpira wanao wao, wakaupoteza, Wajerumani wakasawazisha, muda wa nyongeza Ufaransa wakafungwa 35-34, na Luka, mdogo wake Karabatic, alikuwa kwenye timu hiyohiyo.