Kichocho mwaloni: maswali ya wavuvi wa Ziwa Victoria

Daktari, mimi navua dagaa. Nitakwepaje kichocho na kazi yangu iko majini?

Sitakwambia "usiingie majini", maana mtumbwi haujisukumi. Ila jua adui anakaa wapi. Vimelea hutoka kwa konokono wadogo waliojishikiza kwenye matete na magugu ya kando, na hutoka kwa wingi jua likiwa kali. Usiku ukiwa kilindini na karabai, hatari ni ndogo. Hatari ni mchana, ukishapakua, unapofua nyavu na kuoga palepale kwenye majani. Sogea penye mchanga mtupu, na kama unazo buti za mpira, zivae.

Sina hata mchubuko. Kitaingilia wapi?

Hakihitaji kidonda. Hupenya ngozi nzima kwa dakika chache tu. Baada ya wiki kadhaa minyoo hukomaa kwenye mishipa ya damu ya utumbo na kuanza kutaga. Mayai ndiyo yanayoumiza: mengine hutoka na choo kikubwa, mengine hunasa kwenye ini.

Mbona sikojoi damu?

Hicho ni kichocho cha kibofu. Huku ziwani kinachotusumbua zaidi ni cha tumbo: tumbo kuuma, kuhara, damu kwenye choo. Kikiachwa miaka, ini na bandama huvimba, tumbo hujaa maji, wengine hutapika damu. Na wapo wasiohisi lolote, kwa hiyo peleka choo kikapimwe.

Nilimeza dawa mwaka jana, kimerudi. Ilikuwa feki?

Si lazima. Prazikwanteli huua minyoo mikubwa. Michanga huponyoka, na dawa haikukingi ukirudi majini kesho yake. Mvuvi humeza tena na tena, kila ugawaji wa dawa kijijini unapofika. (Ule mti wa kupimia kimo si mchezo, ndio unaoonyesha idadi ya vidonge.) Kula ushibe kwanza, kizunguzungu kitapungua.

Mke wangu anachota maji tu, haogelei.

Akizama hadi magotini ajaze ndoo, ameshaingia. Maji ya kuoga yaache kwenye pipa siku mbili bila kuongeza mengine, vimelea vitakufa. Ya kunywa chemsha.

Na dagaa wenyewe?

Kula. Kichocho hakiambukizwi kwa kula samaki. Kinachokirudisha ziwani ni sisi kujisaidia nyuma ya mawe, mvua ikanyesha, choo kikawafikia konokono.