Twenty-One haikuanza kwa udanganyifu

Wengi wanaoijua kashfa ya vipindi vya chemsha bongo vya Marekani huamini kwamba Twenty-One ilipangwa matokeo tangu siku ya kwanza. Sivyo. Ilipoanza kurushwa na kituo cha televisheni cha NBC, tarehe 12 Septemba 1956, ilichezwa kwa haki.

Shida ilikuwa maswali, yaliyokuwa magumu mno. Kila mshindani alikaa kwenye kibanda chake akiwa na visikilizio masikioni, akichagua uzito wa swali, kuanzia pointi 1 hadi 11, ili afikishe 21. Usiku ule walikosa swali baada ya swali. Mtayarishaji, Dan Enright, alikiri miaka mingi baadaye kwamba onyesho lilikuwa bovu kabisa, na mdhamini, mtengenezaji wa dawa ya Geritol, akaja juu. Ndipo majibu yakaanza kupenyezwa. Kwangu hili ni zito zaidi ya hadithi iliyozoeleka: ukweli ulijaribiwa kwanza, ukatupwa kwa sababu haukuuza dawa.

Herbert Stempel, mshindani aliyeagizwa ashindwe makusudi ili mpinzani wake, Charles Van Doren, ashinde Desemba hiyo, alikuja baada ya hapo. Sheria ya kukataza hila hizo haikuwapo hadi 1960.