Mashtaka ya kuchimba na kusafirisha madini: utetezi uanzie wapi

Katika kesi za madini zinazoletwa kwangu kutoka Chunya, Tanzania, swali la kwanza la ndugu wa mshtakiwa huwa ni kama leseni ya mwenye eneo itamnusuru kijana wao. Swali hilo ni la msingi, lakini mimi huomba kwanza nakala ya hati ya mashtaka na ya hati ya ukamataji mali, kwa sababu mara nyingi udhaifu wa kesi hujitokeza humo mapema kuliko kwenye leseni.

Sheria ya Madini, Sura ya 123, inakataza kuchimba, kuchenjua au kufanya biashara ya madini bila leseni, na inakataza pia kukutwa na madini au kuyasafirisha bila idhini. Haya ni makosa tofauti, kila moja na vipengele vyake. Dereva wa Fuso aliyekamatwa na viroba vya mbale, yaani mawe yanayochimbwa ili kutolewa dhahabu, akitokea Makongolosi hajathibitishwa kuwa mchimbaji kwa sababu tu viroba vimekutwa garini mwake. Hati isiyotaja aina ya madini, kiasi chake na mahali yalipokamatiwa inamnyima mshtakiwa nafasi ya kuelewa anatakiwa kujibu nini, na pingamizi juu yake litolewe kabla hajajibu shtaka. Ni kweli kwamba Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, inaweza kuruhusiwa kuirekebisha, na kwa hiyo sipendi mteja aamini kwamba pingamizi hilo peke yake litamrudisha nyumbani.

Shauri linapofunguliwa kama uhujumu uchumi, jambo zito zaidi ni mamlaka ya mahakama. Kesi hizo haziwezi kusikilizwa bila ridhaa ya Mkurugenzi wa Mashtaka au afisa aliyekasimiwa, na ikiwa zinasikilizwa na mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi, lazima pawepo pia hati inayoipa mahakama hiyo mamlaka. Mahakama ya Rufani imebatilisha mienendo ya kesi mara nyingi kwa kasoro za nyaraka hizi mbili. Lakini kubatilishwa kwa mwenendo si kuachiwa huru moja kwa moja. Mahakama huamua kama kesi ianze upya, na tangu uamuzi wa Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki wa mwaka 1966, kesi haipaswi kurudiwa ili Jamhuri ipate nafasi ya kuziba mapengo ya ushahidi wake.

Mapengo hayo mimi huyatafuta kwenye kielelezo, yaani mali iliyokamatwa na kuletwa mahakamani kama ushahidi. Rufaa ya jinai namba 110 ya mwaka 2007 katika Mahakama ya Rufani ndiyo iliyoweka msisitizo kwamba safari ya kielelezo, tangu kukamatwa hadi kufikishwa mahakamani, ionekane kwenye kumbukumbu. Maamuzi ya baadaye yamelegeza sharti hilo kwa vitu visivyobadilishwa kwa urahisi, na kwa vitu hivyo ushahidi wa mdomo unaweza kutosha. Dhahabu haimo katika kundi hilo, na kaboni, yaani mkaa unaotumika kunasa dhahabu wakati wa uchenjuaji, ndiyo kabisa: iliyopimwa ikiwa mbichi, imetoka tu kwenye tanki, haiwezi kuwa na uzito uleule baada ya kukaa stoo hadi ikakauka. Shahidi akileta uzito mmoja na hati ya ukamataji ikaonyesha mwingine, lazima aeleze ilipimwa lini, kwa mzani upi na ikiwa katika hali gani. Vivyo hivyo kwa mbale. Jiwe kutoka Matundasi halithibitishwi kuwa na dhahabu kwa kulitazama tu. Mtaalamu aliyelipima anapaswa kueleza alichokipata.

Kuhusu leseni yenyewe, Sheria ya Ushahidi inamtaka mtu athibitishe jambo ambalo yeye ndiye hasa anayelijua, kwa hiyo mwenye kibali akionyeshe mapema. Jamhuri bado inabaki na wajibu wa kuthibitisha kwamba mali ni madini na kwamba ilikuwa mikononi mwa mshtakiwa.

Ninaloliumia moyoni ni vijana wa maduara, yaani mashimo ya wachimbaji wadogo, wanaokiri kosa siku ya kwanza wakitumaini faini ndogo. Baada ya kukiri, rufaa hubaki juu ya adhabu tu, isipokuwa katika mazingira machache, kama vile pale jibu lilipokuwa na utata au maelezo waliyoyakubali hayaonyeshi kosa lolote. Kijana anayejibu "ni kweli nilikuwepo shimoni" hajakiri kwamba alichimba bila leseni, na hakimu makini huandika kwamba amekana.

Gari nalo lisisahaulike. Mmiliki ambaye hakushtakiwa aombe kusikilizwa kabla amri ya kulitaifisha haijatolewa, akitegemea haki ya kusikilizwa iliyo katika ibara ya 13(6)(a) ya Katiba, na afike na kadi ya gari pamoja na mkataba wa kukodisha unaoonyesha alikabidhi gari kwa kazi gani.