Je, wajua kwa nini taa za mbele zikigoma kufuata kona, fundi makini huanzia nyuma ya gari?

Toyota Harrier ya kizazi cha pili, ile ambayo mitaani Tanzania huitwa "tako la nyani", ina taa ndogo kwenye dashibodi iliyoandikwa AFS OFF. Ikiwaka bila kupepesa, kuna mtu kabonyeza swichi akauzima mfumo wa taa kufuata kona, pengine hata hajui. Ibonyeze tena na shauri limekwisha. Ikianza kupepesa, kuna hitilafu. Hapo ndipo pesa nyingi hupotea bure, kwa sababu mwenye gari akiambiwa taa za mbele zina shida, hukimbilia kununua taa za mbele. Anabadilisha balbu, anabadilisha balasti (kifaa kinachoipa balbu umeme wa volti kubwa), mwisho anatafuta taa nzima, na ile taa ya dashibodi inaendelea kupepesa vilevile.

AFS ni mfumo unaozungusha mwanga wa dimu, yaani ule wa chini, kufuata kona. Dereva akizungusha usukani kuelekea kulia, mota ndogo ndani ya taa husogeza mwanga upande huo, ili aone ng'ombe au baiskeli isiyo na taa kabla pua ya gari haijaelekea huko. Wazo lenyewe ni la zamani. Gari la Kimarekani la Tucker la 1948 lilikuwa na taa ya tatu katikati ya pua, iliyogeuka pamoja na usukani. Citroën DS ya Ufaransa, kuanzia 1967, ilikuwa na taa za mbele za upande wa ndani zilizovutwa na nyaya za chuma kutoka kwenye usukani. Magari hayo hayakuwa na siri: kikikatika kitu, unakiona. Harrier iliyoingia sokoni Japani mwaka 2003 ilikuwa miongoni mwa magari ya kwanza kupewa mfumo huu kwa njia ya kompyuta, na tangu hapo chanzo cha ubovu kikaanza kujificha.

Kompyuta hiyo, au kontroli boksi kama mafundi wanavyoiita, haioni kona wala haioni barabara. Inakisia tu kutokana na taarifa inazopelekewa. Sensa iliyo kwenye shina la usukani huiambia usukani umezungushwa kiasi gani. Sensa za magurudumu, zilezile zinazohudumia ABS (mfumo unaozuia magurudumu kujifunga ukikanyaga breki), huiambia gari linakwenda kasi gani. Kwenye magari mengi ya Toyota na Lexus mwanga hauanzi kugeuka mpaka gari lifike kama kilomita 10 kwa saa. Halafu kuna taarifa ya tatu, ambayo wengi hawajui hata kama ipo: gari limeinama kiasi gani, mkia umeshuka au umepanda.

Hiyo ya tatu inatokana na nguvu ya balbu za xenoni zilizomo kwenye taa hizi. Balbu ya xenoni ya wati 35 hutoa mwanga wa lumeni (kipimo cha wingi wa mwanga) zipatazo 3,200, zaidi ya mara mbili ya balbu ya kawaida ya halojeni ya wati 55 aina ya H7. Mwanga mkali kiasi hicho ukimpiga dereva mwenzako usoni, kwa sekunde kadhaa anaendesha akiwa kipofu. Ndiyo maana kanuni za magari za Umoja wa Mataifa zinataka taa ya dimu ambayo chanzo chake kinazidi lumeni 2,000 iwe na kifaa cha kujishusha na kujipandisha chenyewe. Ukipakia magunia ya mchele kwenye buti, mkia unashuka na pua inainuka. Kompyuta inapata habari, inaishusha taa. Ukishusha mzigo, inairudisha. Na kwa kuwa mzigo na abiria hukaa nyuma, sensa ya kupima mwinamo huo hufungwa nyuma. Magari mengine yana ya pili mbele, lakini ya nyuma ndiyo yenye kazi kubwa.

Ukiinama karibu na gurudumu la nyuma utaiona. Ni kikasha cha plastiki kilichofungwa kwenye bodi, chenye mkono mfupi. Mkono huo umeshikwa na kijilinki chembamba, urefu wake hauzidi sana kidole, ambacho upande wa pili kimeshikana na mkono wa sespenshen. Gurudumu likipanda, kijilinki kinasukuma mkono, likishuka, kinauvuta. Hakuna zaidi.

Sasa fikiria maisha ya kijilinki hicho. Gari limezaliwa Japani, ambako majimbo ya kaskazini kama Hokkaido humwaga chumvi barabarani wakati wa baridi ili kuyeyusha barafu, na chumvi hula chuma. Likashushwa Mombasa au Dar es Salaam likiwa na miaka yake, likaendelea na hewa ya bahari, tope la masika, mawe ya barabara ya vumbi, na bomba la maji ya presha la kijana wa kuosha magari. Viungo vya kijilinki vinashika kutu na kukakamaa, na siku gari likiingia kwenye shimo kubwa, kinakatika. Au hakikatiki: mkono wa sensa unazunguka kupita kiasi na kubaki umeelekea juu, mahali ambapo kompyuta haiwezi kuamini kinachosemwa.

Wakati mwingine mkosaji ni binadamu. Fundi anayebadilisha shokapu au bushi za nyuma hulazimika kukitoa kijilinki ili apate nafasi, na wapo wanaokisahau kikining'inia, au wanaokifunga kwa waya "kisipige kelele". Kwa hiyo swali la kwanza la kumuuliza mwenye gari ni lini mara ya mwisho gari liliguswa nyuma. Jibu lake huokoa muda kuliko mashine yoyote.

Kuna jambo jingine ambalo limekuwa desturi huku kwetu: kunyanyua gari. Watu huweka spesa, yaani vipande vya kuongeza kimo, juu ya springi ili Harrier ipite kwenye matuta na njia mbovu bila kugusa. Kwa macho gari linapendeza. Lakini ukiitazama sensa ya nyuma, bodi imepanda huku sespenshen ikibaki chini, na kijilinki kimeuvuta mkono kuelekea chini moja kwa moja. Kompyuta haijui habari za spesa. Inachoelewa ni kwamba mkia umepanda, kwa hiyo pua lazima imeinama, kwa hiyo taa inapaswa kupandishwa. Kumbe mbele nako kumenyanyuliwa, gari liko sawa kabisa, na taa sasa zinamulika machoni mwa kila anayekuja. Spesa ikiwa nene zaidi, mkono unatoka nje ya kipimo chake na AFS OFF inaanza kupepesa. Kwa maoni yangu hali ya kwanza ni mbaya kuliko ya pili. Ya pili angalau inakutaarifu. Ya kwanza utaigundua kwa kupigiwa fulu na kila dereva njiani, ukidhani wao ndio wakorofi.

Kabla ya kulipia mashine ya kupima, tafuta ukuta na uwanja tambarare. Elekeza gari kwenye ukuta jioni, umbali wa mita chache, washa injini na taa za dimu, kisha tazama. Kwenye magari mengi yenye mfumo huu taa hufanya mazoezi kidogo zinapowashwa: mwanga unashuka, unapanda, pengine unasogea pembeni na kurudi katikati. Mazoezi hayo yanasema mengi. Taa moja ikijongea na nyingine ikatulia tuli, tatizo liko upande huo uliotulia: mota yake, gia zake za plastiki, au nyaya na plagi zinazoingia humo. Zote mbili zikitulia, usifungue taa hata moja. Si rahisi mota mbili zife siku moja; kinachoweza kuzizima zote ni kitu zinachokitegemea kwa pamoja, yaani moja ya zile taarifa tatu, fyuzi, au boksi lenyewe.

Ukiwa hapohapo ukutani, waombe watu wazima wawili au watatu wakae nyuma kabisa ya gari. Mwanga utapanda kidogo ukutani, kisha baada ya sekunde chache ushuke wenyewe. Usiposhuka, sensa ya nyuma haifanyi kazi au mota za kupandisha na kushusha zimekwama. (Utaona pia mstari wa mwanga umepanda upande wa kushoto. Si ubovu. Taa za Japani zimetengenezwa kwa nchi zinazoendesha upande wa kushoto, kama Kenya, Tanzania na Uganda. Gari hilohilo likivushwa kwenda Burundi au mashariki ya Kongo, wanakoendesha kulia, ule mpando unawaelekea wanaokuja, na hakuna sensa itakayotibu hilo.)

Kisha itazame dashibodi yote, si ile taa moja tu. Kama AFS OFF inapepesa na taa za VSC (mfumo unaozuia gari kuteleza na kupoteza mwelekeo) na ABS nazo zimewaka, achana na mkia kwa sasa. Sensa ya usukani inatumiwa pia na VSC, na sensa za magurudumu zinatumiwa na mifumo yote mitatu, kwa hiyo zikiugua zinalalamika kwa pamoja. Kama AFS inalalamika peke yake, rudi nyuma ya gari au kwenye mota. Sijaona kanuni fupi iliyo nzuri kuliko hii kwa kazi hii.

Betri nayo ina fitina zake. Volti zikishuka sana wakati wa kuwasha, kompyuta ndogondogo za gari hupoteana na kuandika hitilafu ambazo hazipo. Betri nzima iliyopumzika inapaswa kuonyesha volti 12.6 hivi, na injini ikiwaka mita isome kati ya 13.5 na 14.5. Kama AFS ilianza kupepesa siku uliyobadilisha betri au kuwashiwa kwa betri ya jirani, endesha kwanza. Kwenye baadhi ya magari sensa ya usukani hupoteza alama yake ya katikati umeme ukikatwa, kisha huipata tena baada ya gari kwenda moja kwa moja kwa muda mfupi barabarani. Gari ambalo usukani wake hukaa upande hata likienda moja kwa moja lipelekwe kupangwa magurudumu kabla ya kitu kingine, maana huko kompyuta inaambiwa kuna kona wakati hakuna.

Ukishafika kwenye sensa ya nyuma, kazi si ngumu. Gari likae kwenye stendi imara, si jeki peke yake. Kishike kijilinki: kizunguke laini kwenye viungo vyake, kisikwame wala kisichezecheze. Kitoe upande mmoja, kisha sogeza mkono wa sensa polepole kwa vidole huku mtu akisoma mita. Sensa nyingi za aina hii zina nyaya tatu: mmoja wa volti 5, mmoja wa hasi, mmoja wa kupeleka habari. Huo wa habari unapaswa kupanda na kushuka kati ya volti 0.5 na 4.5 bila kuruka, na mkono ukiwa katikati usome karibu na 2.5. Ukiruka ghafla au kufika sifuri katikati ya safari, sensa imekwisha. Ukiwa mzuri, kosa ni la kijilinki, na kijilinki ni chuma kidogo tu. Volti 5 zisipofika kabisa, fuata waya kuelekea mbele ukitafuta mahali uliposuguliwa au plagi iliyojaa kutu ya kijani.

Kwa gari lililonyanyuliwa, dawa si sensa mpya. Ni kijilinki kirefu zaidi, kinachourudisha mkono katikati. Vipo vya kurekebishika urefu, na fundi wa kuchomelea mwenye mkono mzuri anaweza kukirefusha cha zamani.

Taa zenyewe zina zamu yao pia, hasa baada ya ajali au wizi. Taa za mtumba zinazouzwa Gerezani, Kariakoo, au Barabara ya Kirinyaga, Nairobi, hufanana sura, lakini moja inaweza kuwa ya xenoni yenye AFS na jirani yake ya halojeni isiyogeuka. Geuza taa uangalie plagi: idadi ya pini na umbo vifanane na iliyotoka, na namba ya spea ifanane. Maji yaliyoingia ndani ya taa nayo huua mota polepole, ila ukungu mwembamba unaotoweka taa ikipata joto usikutishe. Na balasti usiifungue wakati wowote taa ikiwa imewashwa. Kuiwasha xenoni kunahitaji volti zaidi ya 20,000.

Baada ya kubadilisha sensa, kijilinki au boksi, kuna hatua ambayo mafundi wa haraka huiruka. Kompyuta lazima ifundishwe upya urefu wa kawaida wa gari, kwa mashine ya kupimia au kwa utaratibu ulioandikwa kwenye kitabu cha ufundi cha gari hilo. Gari liwe tupu, matairi yawe na upepo sahihi, sakafu iwe bapa, na asiwepo mtu ndani. Kazi za spesa na shokapu ziwe zimekwisha kabisa kabla ya hapo. Ukinyanyua gari wiki inayofuata, utalazimika kurudi kwa mashine.