Kamera tunayoiacha msituni

Watu wakisikia kazi yangu ni kamera, huniuliza kama napiga harusi. Mimi hufunga kamera kwenye miti, nikaondoka, nikarudi baada ya mwezi. Picha zote hupigwa nikiwa sipo, na hapo ndipo penyewe ninapoipendea kazi hii: kamera inamwona mnyama ambaye hajasikia hatua za mtu.

Kamera ya mtego ni kiboksi kigumu kinachofungwa kwa mkanda kwenye shina, kwenye kimo cha goti. Karibu na lenzi kuna sensa ya joto. Kinachoiamsha ni joto linalosogea: mnyama akikatiza mbele ya ardhi iliyopoa, sensa inaona tofauti na picha inapigwa. Usiku inafanya kazi vizuri sana, ila mchana wa jua kali, ardhi ikikaribia joto la mwili, mnyama anaweza kupita asinaswe. Na jani lililochomwa na jua likipepea, nalo huhesabiwa mnyama. Kwa hiyo nikishaifunga nakata majani yaliyo mbele yake, kisha natambaa kwa magoti na mikono kama paa anayepita. Kitaa chekundu kisipowaka, naishusha kidogo na kutambaa tena.

Thamani ya kifaa hiki ilionekana wazi katika milima ya Udzungwa, Tanzania. Minde, paa mkubwa mweusi anayejificha sana, alipigwa picha porini kwa mara ya kwanza mwaka 2003. Mwaka 2005, kamera zilizotegwa katika msitu wa Ndundulu zilinasa sengi, yule mnyama mdogo mwenye pua ndefu inayochezacheza, lakini huyu alikuwa na uso wa kijivu na kiuno cheusi. Hakulingana na sengi yeyote aliyekwisha kuandikwa. Picha peke yake haikutosha. Mwaka 2006 watafiti walirudi msituni wakamkamata, wakampima, na mwaka 2008 akatangazwa rasmi kwa jina la kisayansi Rhynchocyon udzungwensis. Ana gramu 700 hivi, mkubwa kuliko sengi wote wanaojulikana. Mnyama wa ukubwa huo, anayetembea mchana, na sayansi ilikuwa haijamwandika!

Kazi ya kila mwaka haina msisimko huo, lakini mimi naiona ndiyo kubwa. Katika msitu wa Mwanihana, hukohuko Udzungwa, tangu 2009, kamera zimekuwa zikitegwa kwenye vituo 60, kimoja kwa kila kilomita 2 za mraba, siku 30 kila kituo. Wageni hutaka kuona picha ya chui. Mimi huanza na vituo vilivyokuwa na minde mwaka jana na mwaka huu havina, maana kadi ya kuhifadhia picha isiyo na mnyama ni habari kamili, ilimradi kamera ilikuwa hai siku zote 30. Chui naye ana hesabu yake: madoa ya ubavu wa kushoto hayafanani na ya kulia, kwa hiyo anayetaka kuwatambua mmoja mmoja hutega kamera mbili zinazotazamana.

Sasa jambo la saa, ambalo wanaoanza kazi hii wanapaswa kulisikia mapema. Msimu mmoja nilifungua kadi nikakuta kundi la kololo, ndege wa jamii ya kanga, wakichakura majani makavu, jua limewamulika, rangi zote zinaonekana. Chini ya picha kumeandikwa 02:10. Nilidhani kamera imeharibika. Nikarudi kwenye daftari: siku ya kutega, mwenzangu alinisomea saa yake ya mkononi kwa Kiswahili, saa tatu kamili, nami nikaingiza 03:00. Kololo wale walipita saa mbili na dakika kumi asubuhi, vilevile kama kamera ilivyosema. Niliongeza saa sita kwenye kila picha ya kituo kile na data ikapona. Lakini kingekuwa kituo chenye picha za usiku tu, labda nisingegundua, na tungeandika kwamba nungunungu wa pale wanatoka jioni mapema.

Siku hizi, kabla sijafunga kifuniko, mwenzangu anasoma tarakimu za kwenye kioo cha kamera kwa sauti, anataja na asubuhi au usiku, nami naandika vyote viwili.